Jibu kwa mpiga picha wa Msamvu: Samuel Fosso hakuikimbia studio

Swali: Mwalimu, shikamoo. Nina studio ndogo ya picha hapa Msamvu, Morogoro. Zamani Idi na Krismasi nilikuwa sipati hata nafasi ya kula. Siku hizi kila mtu ana simu, nimebaki na picha za paspoti, na mahafali mara mojamoja. Rafiki yangu aliyeko Bukavu amenitumia picha za mtu anaitwa Samuel Fosso. Kila picha ni yeye, lakini kila picha ni mtu mwingine. Anasema huyo bwana alianza na studio ya mtaani kama yangu. Nimewaonyesha nyumbani, wakaniambia hizo ni selfi za mtu asiye na kazi. Naomba unieleze: kuna nini ndani ya picha zile? Alitokaje studio akafika alipofika? Na mimi nifunge studio nifanye sanaa, au niendelee kung'ang'ana?

Jibu: Marahaba, ndugu yangu. Nianze na swali lako la mwisho, maana ndilo linalogusa kodi ya pango na ada za watoto. Usifunge studio. Na sababu ya kukuambia hivyo inatoka kwa Fosso mwenyewe.

Wengi wakisimulia habari zake husema alikuwa fundi picha wa mtaani, Wazungu wakamgundua, akawa msanii. Wanaozungumza hivyo wanaikata kazi yake vipande viwili, kana kwamba mchana alikuwa mtu mmoja na usiku mwingine. Mimi nimezitazama picha zake kwa miaka mingi na kuzifundisha darasani, na kila nikizirudia naona kazi moja tu: pazia limetundikwa, taa zimepangwa, nguo imechaguliwa, na mbele ya kamera kuna mtu anayetaka aonekane vile anavyojiona moyoni. Ndiyo kazi unayoifanya wewe pale Msamvu. Tofauti ni kwamba saa za jioni mteja alikuwa yeye mwenyewe.

Fosso alizaliwa mwaka 1962 Kumba, Kameruni, na wazazi Waigbo wa Nijeria. Alizaliwa na ulemavu, viungo vimepooza. Kwao ilikuwa desturi mtoto akifikisha miezi michache apelekwe studio apigwe picha, ibaki kumbukumbu. Yeye hakupelekwa. Amelieleza mwenyewe jambo hili: baba yake aliona kumpiga picha mtoto aliyepooza ni kupoteza fedha. Tafadhali likumbuke hilo kila utakapotazama picha zake. Mtu huyu aliyejipiga picha maisha yake yote hana picha yake ya utotoni, kwa kuwa kuna mtu aliyeamua kwamba hastahili kupigwa.

Mama yake alimpeleka kwa babu yake Nijeria. Babu alikuwa mganga wa jadi na mtu mwenye heshima kijijini, akamtibu mpaka akasimama. Kisha vikaja vita vya Biafra, kuanzia 1967 hadi 1970, na mtoto huyo akavipitia. Mama alifariki angali mdogo. Mwaka 1972 mjomba wake alimchukua akaenda naye Bangui, Jamhuri ya Afrika ya Kati, ambako mjomba alikuwa anatengeneza viatu vya kike.

Viatu havikumwingia. Palikuwa na mpiga picha jirani, na Fosso akamwomba mjomba amruhusu akajifunze kwake. Baada ya miezi michache tu ya kuwa mwanagenzi, Septemba 1975, mjomba akamsaidia kufungua studio yake. Alikuwa na miaka 13. Studio iliitwa Studio Photo Nationale, na tangazo lake liliwaahidi wateja kwamba watatoka wazuri, nadhifu, na rahisi kutambulika. Ahadi hiyo ya mwisho ni ya mpiga paspoti kabisa: askari wa mpakani akitazama picha, amjue mwenye nayo. Kijana aliyeandika hivyo ndiye aliyekuja kutumia maisha yake kujigeuza asitambulike.

Sasa nikueleze picha za jioni zilivyoanza, maana hapa wengi hupita haraka na ndipo palipo na faida kwako.

Wewe ni wa enzi ya kadi ya kumbukumbu, labda hukuonja filamu. Filamu ya 120 kwenye kamera ya picha za mraba inatoa picha 12. Mteja anakuja alasiri, anataka picha zake kesho asubuhi. Umeshapiga tisa, zimebaki tatu. Huwezi kungoja wateja wa kesho waimalize, inabidi uisafishe filamu usiku uleule. Zile tatu zilizobaki umeshazilipia, na usipozitumia zimepotea. Mafundi wengi waliziacha zikapotea, au walimpiga mtoto wa jirani. Fosso alifunga mlango, akavaa, akatega kamera, akaenda kusimama mbele ya pazia lake. Hakununua filamu ya sanaa. Sanaa yake ilikaa kwenye makombo ya kazi ya mchana.

Na picha zile alikuwa na mtu wa kumtumia. Bibi yake alikuwa Nijeria, na Fosso alimpelekea baadhi ya picha hizo ili aone kwamba mjukuu ni mzima, amekua, anapendeza. Kama una ndugu aliyekwenda Muscat au Toronto, picha ya namna hiyo unaijua. Mtu anasimama wima, nguo mpya, kiatu kinang'aa, na ujumbe ni mmoja: msiwe na wasiwasi, nipo.

Zitazame picha za miaka ile ya sabini, nyeusi na nyeupe. Kijana mwembamba, suruali bugaluu imembana kiunoni na kumwagika chini, viatu vya raizoni, shati la kola pana, miwani mikubwa ya jua. Wazee wa hapa kwetu wakiziona wanacheka kwa furaha, maana wanajiona wenyewe. Fosso alipenda mavazi ya Prince Nico Mbarga, mwanamuziki aliyetikisa Afrika mwaka 1976, na aliona magazeti yenye picha za vijana Weusi wa Marekani, akawapelekea mafundi cherehani wamshonee mfano wake. Katika baadhi ya picha taa za studio zimeachwa zionekane pembeni, na ukingo wa pazia pia. Fundi wa paspoti angezikata. Kuziacha kunakuambia: hiki ni chumba changu cha kazi, na mimi ndiye bwana wake.

Kumbuka pia alikuwa mji gani. Tarehe 4 Desemba 1977, Jean-Bédel Bokassa, mtawala wa nchi hiyo, alijivika taji la ufalme mjini Bangui, na kiti chenye umbo la tai, na joho refu, na gari la farasi, katika nchi maskini. Katika mji huohuo kijana wa miaka 15 alikuwa anafunga mlango jioni na kujivika atakavyo, bila kumdai mtu kodi. Sisemi kwamba Fosso alikuwa anamjibu Bokassa. Lakini nguo na madaraka vilikuwa hewani pale Bangui, na utaona baadaye jinsi vilivyorudi katika kazi yake.

Kwa hiyo wakisema nyumbani kwamba hizi ni selfi, usigombane nao, waelezee. Selfi unaipiga ukijitazama kwenye kioo cha simu, unarekebisha uso mpaka ukupendeze, unabonyeza. Fosso hakujiona wakati anapiga. Alipanga mwanga kwa kukisia, akapima umbali, akatega, akaenda kusimama gizani kwa maana ya kwamba hajui kilichotoka mpaka filamu isafishwe. Ilibidi aijue sura yake kutoka ndani: bega liwe wapi, kidevu kiwe wapi, macho yaende wapi. Waigizaji wa jukwaani wanaijua kazi hiyo. Na juu ya hapo kuna ufundi wote wa studio ambao mwenye simu hana: mwanga wa pembeni unaochonga shavu, pazia linalotenganisha mtu na ukuta, kimo cha kamera kinachoamua kama mtu ataonekana bosi au mtoto. Huo ufundi wewe unao tayari.

Nikuambie na jambo lisilopendwa kusimuliwa. Kuanzia 1975 mpaka mwanzoni mwa miaka ya tisini, ukiacha zile alizomtumia bibi, hakuna mtu wa nje aliyeziona picha hizo. Karibu miaka ishirini. Katika muda huo alikula kwa paspoti, harusi, ubatizo, familia za Jumapili. Mwanzoni mwa miaka ya tisini mpiga picha Mfaransa, Bernard Descamps, alifika Bangui akitafuta kazi za wapiga picha wa Kiafrika kwa ajili ya maonyesho ya kwanza ya picha Bamako, Mali. Akafika kwa Fosso, na zile picha za jioni zikatoka kwenye masanduku. Mwaka 1994 zikatundikwa Bamako, pamoja na kazi za wakubwa kama Seydou Keïta, ambaye naye alikuwa fundi wa studio, alifungua yake Bamako mwaka 1948. Descamps alifungua mlango, ni kweli. Lakini alikuta mali imekwishatengenezwa, imetunzwa, ipo. Angekuta mtu mwenye mawazo mazuri na masanduku matupu, angeaga akaenda zake.

Mwaka 1997 duka kubwa la Tati la Paris lilikuwa linaadhimisha miaka hamsini. Lilikuwa duka la bei nafuu lililopendwa na wahamiaji kutoka Afrika. Likawaalika Keïta, Malick Sidibé, mpiga picha mwingine wa Bamako, na Fosso wapige picha. Fosso hakutaka kurudia ya Bangui. Aliomba mavazi, vipodozi, mapambo, na kwa mara ya kwanza akafanya kazi hiyo kwa rangi. Akajigeuza baharia, mchezaji gofu, mwanamke Mmarekani wa miaka ya sabini aliyejikomboa, na wengine.

Mmoja wao ni yule aliyekushangaza wewe, nina hakika: chifu. Amekaa kwenye kiti kilichofunikwa kitambaa cha madoa ya chui, ngozi ya chui mwilini, mikufu ya dhahabu imerundikana kifuani, miwani yenye fremu nyeupe, viatu vyekundu, na nyuma yake kitambaa cha kitenge kinachopiga kelele. Mkononi ameshika maua ya alizeti badala ya mkuki au fimbo ya mfalme. Jina kamili la picha linasema huyu ni chifu aliyeiuza Afrika kwa wakoloni. Sasa itazame tena. Kila kitu cha thamani kipo, lakini kila kitu kinaonekana kimenunuliwa jana. Ua la alizeti linapendeza na halina nguvu yoyote. Rafiki yako wa Bukavu akimwona atamkumbuka Mobutu na kofia yake ya chui, na hajakosea sana. Hapa Fosso hakumpiga picha mtu mwovu kutoka nje na kumnyooshea kidole. Ameingia ndani ya ngozi ile yeye mwenyewe, akakaa, akatutazama. Picha inauma kwa sababu anaonekana anafurahia.

Baada ya hapo alirudi kwenye maisha yake. Mwaka 2000 alifanya mfululizo wa kumkumbuka rafiki na jirani yake aliyeuawa na watu wenye silaha Bangui mwaka 1997. Ni picha za usiku, mwili mtupu, chumba, hofu. Ni kazi nzito na sipendi kuizungumza kwa haraka, ila ujue ipo, isije ikadhaniwa Fosso ni mtu wa mavazi ya rangirangi tu. Mwaka 2003 akamrudia babu yake, yule mganga aliyemsimamisha. Babu alitaka mjukuu amrithi uganga. Mjukuu akawa mpiga picha, na katika picha hizo akavaa urithi ule aliouacha.

Kisha 2008. Kama una muda wa kutazama kazi yake moja tu, tazama hii ya 2008, inayoitwa kwa Kiingereza African Spirits. Ni picha 14, nyeusi na nyeupe. Ndani yake Fosso ni Patrice Lumumba, Kwame Nkrumah, Haile Selassie, Nelson Mandela, Léopold Sédar Senghor, Aimé Césaire, Malcolm X, Angela Davis, Muhammad Ali na wengine. Hakubuni pozi. Alichukua picha maarufu ya kila mmoja wao, akaijenga upya kwa mwanga wake, pembe yake, nguo yake, mpaka mkunjo wa shati.

Chukua ile ya Martin Luther King. Kiini chake ni picha ya polisi wa Montgomery, Alabama, Februari 1956, King alipokamatwa wakati wa mgomo wa mabasi. Amevaa suti na tai, amening'iniziwa kibao cha namba kifuani. Ni picha ya utambulisho, ya upande wa serikali, ndugu ya paspoti unazopiga kila siku: uso mbele, mwanga bapa, hakuna pozi, hakuna maelezo. Ilipigwa ili kumdhalilisha mtu na kumweka kwenye faili. Fosso anaingia ndani ya picha hiyo. Anavaa suti ileile, anachukua kibao kilekile, na uso wake anauacha mtulivu namna ambayo kibao kinaonekana kidogo na mtu anaonekana mkubwa. Hakubadilisha hata sheria moja ya picha ya polisi. Nguvu yote iko machoni na shingoni. Mimi nikifundisha wapiga picha wa paspoti huwaonyesha hii, kwa sababu wengi wanaamini ndani ya paspoti hakuna nafasi ya kazi. Nafasi ipo, ila ni nyembamba na inataka jicho.

Ali yeye amesimama na mishale mwilini, kama alivyopigwa na Carl Fischer kwa jalada la gazeti la Esquire, Aprili 1968, alipokuwa amenyang'anywa ubingwa kwa kukataa kwenda vitani Vietnam. Ndani ya kundi hilo pia yumo Seydou Keïta. Lumumba, Nkrumah, Selassie, na katikati yao fundi wa studio wa Bamako. Fosso amemweka mzee wa fani yetu meza moja na wakombozi, na kila nikiona hilo moyo wangu unajaa.

Za baadaye nitazipitia kwa kifupi. Mwaka 2013 alivaa sura ya Mao Zedong na kuuliza Uchina inataka nini Afrika. Sisi tuliojengewa reli ya TAZARA tuna maoni yetu marefu juu ya hilo, na picha zile zinayachokoza vizuri. Mwaka huohuo aliwakumbuka askari wa Kiafrika waliopigana vita vya Ufaransa. Mwaka 2017 akawa Papa mweusi.

Lakini ya 2014 siwezi kuipita. Vurugu zilipochacha Bangui, nyumba yake ilivunjwa na kuporwa. Yeye hakuwepo. Waporaji walichukua walivyoona vina thamani, picha na negativu, yaani filamu zilizosafishwa ambazo picha huchapwa kutoka kwake, wakazimwaga. Wanahabari waliokuwa wakifuatilia mapigano, Jerome Delay wa shirika la AP na Marcus Bleasdale, pamoja na Peter Bouckaert wa shirika la haki za binadamu la Human Rights Watch, wakakuta zimetapakaa chini, wakatambua ni za nani, wakaokota kadiri walivyoweza. Maelfu ya negativu yakaokolewa. Ndani yake hazikuwa picha zake peke yake. Zilikuwemo sura za watu wa Bangui wa miongo kadhaa: maharusi, watoto, wanajeshi, mabinti wa shule. Kwa wengine hiyo ndiyo picha pekee iliyowahi kupigwa, na nusura iishie kwenye vumbi.

Baada ya msiba huo, 2015 hadi 2016, alifanya picha 666 za Polaroid, zile zinazotoka kwenye kamera papo hapo. Hakuna vazi, hakuna kofia, hakuna shujaa. Uso na mabega tu, mandhari ileile ya giza, na kila moja hisia tofauti: kicheko, hasira, uchovu, kilio, kuduwaa. Polaroid haina negativu, kila moja ni ya pekee duniani. Mtu aliyetupiwa negativu zake barabarani amechagua picha zisizo na negativu. Sijui kama alilipanga, ila ndivyo zilivyo, na mimi siwezi kuzitazama bila kufikiria vumbi lile la Bangui.

Heshima zikafuata. Mwaka 2021 jumba la Maison Européenne de la Photographie la Paris lilifungua maonyesho ya kazi zake za maisha yote, na kwa maonyesho hayo akapewa tuzo ya Deutsche Börse mwaka 2023, tuzo inayotazamwa na wapiga picha wa dunia nzima.

Turudi Msamvu. Wewe hujaanzia patupu. Pwani yetu ina ukoo wake wa studio: Capital Art Studio ya Ranchhod Oza pale Mji Mkongwe, Zanzibar, studio ya Parekh Mombasa, ambako vijana wa mjini walipiga pozi za sinema, Bakor wa Lamu, aliyekata na kubandika picha mpaka sura ya mtu ikatokea ndani ya ua, na wale wa kivuko cha Likoni, waliojenga mabanda yenye meli, ndege na majengo ya ghorofa ili msafiri mwenye ndala apigwe picha yuko safarini Ulaya. Tafuta kazi zao kabla hujamwiga Fosso. Ukimwiga Fosso utapata picha ya Mtanzania anayemwigiza Mnijeria wa Bangui, na hiyo haimhusu mtu.

Kuhusu namna ya kuanza, makombo yako wewe si filamu. Ni saa. Kuna ile saa kati ya mteja wa mwisho na kufunga mlango, taa zimeshawashwa na umeme umeshaulipia. Chukua jioni moja kwa wiki. Usianze na mavazi, anza na mtu wa kumtumia. Fosso alikuwa na bibi. Nani wako anahitaji kukuona, na unataka akuone nani? Inaweza kuwa mama, inaweza kuwa mtoto wako atakapokuwa mkubwa, inaweza kuwa mzee aliyekwishafariki. Ukishamjua huyo, nguo itajichagua. Koti la baba lililobaki sandukuni litakufaa kuliko suti ya kukodi.

Tumia pazia moja na usilibadilishe kwa muda mrefu. Tumia taa zilezile mbili. Kitu kimoja kikitulia, kingine kinapata nafasi ya kusogea, na unachotaka kisogee ni wewe. Usitazame kioo cha kamera kila baada ya picha moja. Jipe picha chache kwa jioni, sema 12 kama filamu ya zamani, na ukazitazame kesho yake. Najua ni vigumu. Utakuta kesho unachagua picha tofauti na ile ambayo ungeichagua usiku uleule.

Si lazima uwe wewe mbele ya kamera, pia. Kama moyo wako hauko huko, mkaribishe konda wa daladala, mama lishe wa stendi, mwanafunzi wa mahafali akiwa na joho la kukodi, muulize anataka aonekane nani, umsaidie afike. Malick Sidibé aliwapiga vijana wa Bamako namna hiyo, na mwaka 2007 akapewa Simba wa Dhahabu, tuzo ya maonyesho ya sanaa ya Venice, mpiga picha wa kwanza kupewa heshima hiyo. Ila akikubali kupigwa hajakubali kuonyeshwa. Mwombe ruhusa kwa maandishi, mweleze picha itakwenda wapi. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi tangu 2022, na hata isingekuwepo, sura ni ya mwenyewe.

Chapa picha. Zikibaki kwenye kompyuta utaziona zote nzuri. Zikitundikwa ukutani wiki nzima, dhaifu zinajitaja zenyewe.

Na tafadhali, anza leo kutunza ulichonacho, zikiwemo paspoti. Najua mafundi wanaofuta kadi kila Jumamosi ili wapate nafasi. Nunua diski mbili za nje, nakili kila kitu mara mbili, moja ikae studio na nyingine ikae nyumba nyingine kabisa, si chumba cha nyuma. Kila folda iandike tarehe, na jina la mteja kama ameridhia. Kama mwenye studio wa kabla yako aliacha boksi la negativu, usilichome. Zitoe kwenye unyevu, ziweke kwenye bahasha za karatasi badala ya plastiki ya kufungia mkate, andika unachokijua. Paspoti za Msamvu za miaka kumi ni sura za mji mzima, na kwa sasa zimetunzwa na wewe peke yako.